Nilivyotoka Nyuma ya Pazia na Kuanza Kuandika

Kazi yangu ya kwanza katika sanaa ilikuwa kukaa kwenye kigoda nyuma ya pazia jeusi, mswada mapajani na tochi ndogo mkononi, ili mwigizaji akisahau maneno nimnong'oneze. Ilikuwa mwaka 2006 jijini Dar es Salaam, mwaka wa mgao mkali wa umeme, na kikundi kilichonipokea kilifanyia mazoezi katika bwalo la shule moja baada ya wanafunzi kumaliza kula. Nilikuwa na miaka 21. Nilikwenda kuomba kuigiza, lakini mwongozaji aliponisikiliza alisema sauti yangu haivuki safu ya tatu ya viti, ila jicho langu halibanduki kwenye karatasi, basi nikae pale. Nilikaa pale karibu miaka miwili, kwa malipo ya nauli ya daladala na chakula cha siku ya onyesho, na leo ninapoulizwa nilisomea wapi uandishi wa jukwaa na wa filamu, jibu langu la kweli ni kile kigoda.

Mtu anayenong'oneza anajua jambo ambalo hata mtunzi wa mchezo halijui: anajua ni mstari gani unaosahaulika. Mwanzoni nilidhani waigizaji husahau mistari mirefu, au yenye maneno magumu, au husahau kwa sababu ya uchovu. Kisha nikaanza kuweka alama ya penseli pembeni mwa ukurasa kila nilipolazimika kunong'ona, na baada ya maonyesho 12 alama zilikuwa zimerundikana mahali pale pale, usiku baada ya usiku, hata mwigizaji alipobadilishwa.

Mzee mmoja katika kikundi chetu, mwigizaji hodari ambaye angeweza kubishana jukwaani juu ya deni la mbuzi kwa kurasa mbili bila kukosea hata kiunganishi, alikuwa akikwama kila mara kwenye maneno haya: "Mwanangu, elimu ni ufunguo wa maisha, na kijana asiye na elimu ni kama mti usio na mizizi, kwa hiyo nakusihi uzingatie masomo yako." Mstari wenyewe si mgumu. Kila Mtanzania aliyepita shule ameusikia kwa namna moja au nyingine. Lakini katika mchezo ule baba huyo alikuwa amegundua muda huo huo kwamba mwanawe amekula ada. Usiku mmoja akakwama tena, nami nikachelewa kunong'ona kwa sababu betri za tochi zilikuwa zimekwisha, umeme haukuwepo, na jukwaa zima lilikuwa linaangazwa na karabai mbili. Mzee alisimama, akamtazama yule kijana kwa muda ambao kwangu ulikuwa kama saa nzima, akanyoosha mkono, kiganja juu, akasema: "Risiti iko wapi?"

Ukumbi ulinyamaza. Yule kijana alikuwa amejiandaa kuhubiriwa, hakuwa na jibu lililoandikwa, akaanza kupapasa mifuko ya suruali yake kweli kweli, wa kulia, wa kushoto, wa nyuma, na kila mfuko alioupapasa watu walizidi kusogea mbele kwenye viti vyao. Kesho yake mwongozaji aliniita nifute mstari wa zamani kwenye mswada na kuandika ule mpya. Maneno hayo matatu ndiyo ya kwanza ya mchezo wa kuigiza kuandikwa kwa mkono wangu, ingawa hayakuwa yangu.

Tangu hapo nimeamini, na bado naamini, kwamba mwigizaji husahau mstari ambao hauna sababu katika mstari uliotangulia. Anatafuta pa kukanyaga, hapaoni. Aliyeulizwa risiti hawezi kusahau kujibu, na aliyenyimwa jibu hawezi kusahau kuuliza tena, lakini aliyepewa methali aitamke mbele ya mtoto aliyemwibia hana kinachomsukuma isipokuwa mtunzi, na mtunzi usiku huo yuko nyumbani kwake amelala.

Si haki, hata hivyo, kuilaumu mistari ya namna hiyo bila kueleza imetoka wapi. Baada ya Azimio la Arusha la mwaka 1967 sanaa nchini Tanzania iliombwa ifundishe, nayo ikafundisha. Mathias Mnyampala aliikuza ngonjera ikawa njia ya kueleza siasa ya Ujamaa, na mashuleni, viwandani na majeshini vikundi vya utamaduni vilibeba ujumbe wa taifa kwa ngoma, nyimbo na maigizo. Miaka ya 1980 Penina Muhando Mlama na wenzake wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam walijaribu njia nyingine: walikwenda vijijini, Malya ya Mwanza kikiwa kimojawapo, wakakaa na wanakijiji mpaka wao wenyewe wakachambua matatizo yao na kuyaigiza. Kilichotufikia sisi wa miaka ya 2000 kilikuwa kitu cha tatu, yaani igizo la mfadhili, ambalo ujumbe wake hufika kwenye bahasha kabla hadithi haijatungwa. Kikundi chetu kiliishi kwa maigizo hayo, ya UKIMWI, ya chandarua, ya mimba za wanafunzi, na mimi nimekula kwa jasho lake, siyadharau. Lakini yalituzoesha vibaya. Yalitufanya tuamini kwamba mhusika hufungua mdomo ili mtazamaji aelimike, wakati mtu wa kweli hufungua mdomo kwa sababu anataka kitu kwa aliye mbele yake.

Mwaka 2008 nilipewa kazi ya vifaa, na onyesho kubwa la kwanza nililolihudumia lilikuwa Kinjeketile ya Ebrahim Hussein, tamthiliya iliyochapishwa mwaka 1969 juu ya Vita vya Majimaji vya mwaka 1905 hadi 1907, ambayo vizazi vya wanafunzi wameisoma kwa ajili ya mtihani bila kuiona ikichezwa. Kinjeketile anaingia majini, na siku ya pili anatoka akiwa mkavu. Niliutafuta mto huo kwa bidii zangu zote. Nilikwenda Kariakoo nikanunua mita 8 za kitambaa cha buluu, nikakipinda na kukishona, nikawafundisha vijana wawili namna ya kukitikisa kutoka pande mbili ili kifanye mawimbi. Siku ya mazoezi ya mwisho mwongozaji alikitazama, akasema ni kizuri, akaomba kiondolewe. Badala yake aliwapanga wanakijiji wote ukingoni mwa jukwaa, akawaambia watazame mahali pamoja tu sakafuni na wasibandue macho mpaka ngoma inyamaze. Nilibaki pembeni, kitambaa begani, nikiwa nimeumia. Kutoka pale nilimwona msichana wa sekondari katika safu ya mbele akinyanyuka taratibu kwenye benchi na kuinama, anachungulia sakafu ya jukwaa ili aone maji.

Nimelisimulia jambo hili kwa urefu kwa sababu mwaka uliofuata nilihamia kwenye filamu, nikalisahau kabisa, na ilinichukua miaka kulikumbuka.

Filamu za Bongo wakati huo ziliuzwa kwa diski, madukani na mikononi mwa machinga, na hadithi moja mara nyingi ilikatwa sehemu mbili ili iuzwe mara mbili. Jambo hilo la biashara liliingia moja kwa moja kwenye utunzi. Hadithi iliyostahili diski moja ilibidi ijaze mbili, kwa hiyo gari lilionyeshwa tangu linapopiga honi getini, mlinzi anafungua, linaegeshwa, mwenye gari anashuka, anapanda ngazi, anapiga hodi, anakaribishwa, anaulizwa atakunywa nini. Watazamaji waliwalaumu waandishi. Mimi niliyekuwa nashika ratiba ya siku nilijua kwamba mara nyingi mwandishi hakuwepo: kulikuwa na wazo, karatasi moja ya mpangilio wa matukio, na waigizaji wenye kipaji kikubwa cha kutunga maneno papo kwa papo. Kipaji hicho ndicho kilichoijenga tasnia, na ninakiheshimu. Kile ambacho hakikuweza kufanya ni kupanda mbegu katika sini ya 5, yaani tukio la tano la hadithi, ili ivunwe katika sini ya 60, kwa sababu mwigizaji aliyesimama mbele ya kamera leo hawezi kujua keshokutwa atahitaji nini.

Nilianza upande wa mavazi, chini ya mama mmoja wa Ilala aliyekuwa fundi cherehani kabla ya kuingia kwenye filamu, kisha nikawa kontinyuiti. Kwa asiyeijua kazi hiyo, ni hivi: filamu haipigwi kwa mfuatano wa hadithi. Sini zote za nyumba moja hupigwa pamoja ili nyumba irudishwe kwa mwenyewe, hivyo mhusika anaweza kuzikwa Jumatatu na kuposwa Jumatano, na ndani ya sini moja kamera hupiga upande mmoja wa mazungumzo asubuhi na upande wa pili jioni. Lazima awepo mtu mmoja wa kukumbuka. Mtu huyo ana daftari, saa ya kupimia na kamera ndogo. Anaandika glasi ilikuwa imejaa kiasi gani, simu ilishikwa kwa mkono upi, vifungo vingapi vya shati vilikuwa wazi, na mwigizaji aligeuka kwenye neno gani. Kabla ya siku za kupiga picha anagawanya kila ukurasa wa mswada katika sehemu 8, ili sini ya ukurasa mmoja na robo iandikwe 1 na 2/8, na kwa hesabu hiyo mtayarishaji anajua siku moja itabeba nini. Kisha anausoma mswada wote kwa sauti, saa mkononi, apate kujua urefu wa filamu ambayo bado haipo.

Kanuni iliyozoeleka ni kwamba ukurasa mmoja uliopangwa kwa mtindo wa kawaida wa filamu ni dakika moja ya picha. Kwa saa yangu, ukurasa wa Kiswahili wenye mazungumzo mengi ulikuwa unavuka dakika, na chanzo kimojawapo ni salamu. Mkwe hawezi kuanza kudai mahari kabla hajaulizia hali ya nyumba nzima. Waongozaji wengi waliniambia nizikate salamu kwenye hesabu, wengine walizikata kabisa kwenye sini, na wahusika wakaanza kuzungumza kama watu walioachana dakika moja iliyopita. Mimi niliyepima muda huo mara mia nimeona kwamba salamu si muda uliopotea, kwa kuwa ugomvi unaweza kuanzia humo humo. Binti akisema "shikamoo" na mama akachelewa kuitikia, amekwisha kumwambia jambo, na mwandishi anayeujua urefu wa ukimya ule hana haja ya kumwandikia mama huyo aya ya malalamiko.

Sasa nifike kwenye khanga.

Tulikuwa tunapiga sini ya wifi kuja kumwona mke wa kaka yake kwa mara ya kwanza tangu harusi. Mke anamkaribisha, anamwekea kiti, anamimina chai. Asubuhi tulipiga kwa upande wa mgeni, jenereta likaharibika, tukakaa saa nne, jioni tukapiga kwa upande wa mwenyeji. Katika daftari langu nilikuwa nimeandika: "Khanga nyekundu, pindo jeupe, imefungwa kiunoni, fundo kushoto." Yote yalikuwa sahihi. Wiki mbili baadaye mhariri aliniita, akanionyesha picha, akaisimamisha. Mke anamkaribisha mgeni akiwa na khanga yenye jina "Wema hauozi." Kamera inageuka, anamimina chai, na kwenye khanga, nyekundu vile vile, pindo jeupe vile vile, pameandikwa "Hasidi hana sababu."

Kosa lilikuwa langu, na ilibidi watu warudi kupiga sini ile upya kwa gharama ambayo kampuni haikuwa nayo. Nilikwenda kumwomba radhi mama wa mavazi, kwa sababu na yeye aliingizwa lawamani. Hakunigombeza. Alizitandaza zile khanga mbili kwenye meza yake ya kupigia pasi, akapitisha kidole kwenye pindo, kwenye mji, yaani sehemu ya katikati, akakisimamisha kwenye jina, yale maandishi. "Mwanangu," aliniambia, "ulitazama rangi. Khanga inasomwa."

Nililala na neno hilo. Lililonisumbua zaidi ni kwamba ile sini iliyokosewa ilikuwa bora kuliko ile tuliyokusudia. Mwanamke anatamka maneno yote ya ukarimu, anainama kumimina chai, na maandishi kwenye nguo yake yanamjibu mgeni mambo ambayo mdomo hauwezi kuyasema. Kila mwanamke wa pwani angeielewa sini hiyo bila kufafanuliwa, kwa sababu mama zetu na bibi zetu wamekuwa wakiandikiana barua za namna hiyo migongoni na viunoni kwa miaka mingi. Usiku ule niliandika sini yangu ya kwanza kabisa, nyuma ya karatasi ya ratiba ya siku: mwanamke, wifi yake, birika la chai, na khanga inayobadilishwa katikati ya mazungumzo. Mke anaingia ndani kufuata sukari akiwa na khanga moja na anarudi na nyingine. Mgeni anasoma, anaweka kikombe chini, anaaga. Hakuna aliyesema neno baya. Ilikuwa kurasa 2 na 3/8, kwa hesabu ya kontinyuiti.

Kuanzia hapo niliandika kila tulipokuwa tunasubiri, na katika kazi ya filamu kusubiri ni sehemu kubwa ya siku: unasubiri jua, unasubiri jenereta, unasubiri adhana iishe na bajaji zipite. Baada ya mwaka mmoja nilikuwa na mswada mzima wa kurasa 70, nikampa mwongozaji mmoja niliyemwamini. Alikaa nao siku tatu. Aliponirudishia aliniambia maneno ambayo yalinichoma kwa sababu yalikuwa ya kweli: "Dada, hapa umeandika bajeti. Hadithi bado hujaiandika."

Alikuwa na haki. Mswada wote ulitokea katika sebule moja na ua mmoja. Hakukuwa na mvua, kwa kuwa nilijua gharama ya mvua. Hakukuwa na watoto, kwa kuwa nilijua watoto wanavyolala saa nane mchana. Harusi ilizungumziwa tu na watu waliorudi kutoka huko, na msiba vile vile. Hakuna mtu aliyekula kitu, kwa sababu chakula ni adui wa kontinyuiti: mtu akimega tonge, lazima alimege tena kwa kiasi kile kile katika kila teki, yaani kila kamera inaporudia kupiga. Nilikuwa nimetoka nyuma ya pazia na pazia lenyewe nikalibeba kichwani. Hili silioni likisemwa na wanaowashauri mafundi na wasaidizi wa uzalishaji waingie kwenye uandishi. Husema kwamba mtu wa nyuma ya jukwaa ana faida kwa kuwa anajua linalowezekana. Ni kweli anajua, lakini ujuzi huo unamfunga mikono kabla hajaanza, na anaandika hadithi ndogo kuliko zile alizonazo moyoni.

Hadithi niliyokuwa nayo moyoni ilikuwa ya mafuriko. Desemba 2011 mvua kubwa iliizamisha Dar es Salaam, watu walikufa, nyumba za Jangwani na sehemu nyingine za bonde la Msimbazi zikajaa maji, na baadaye familia kadhaa zilihamishiwa Mabwepande, nje kidogo ya jiji, zikapewa viwanja. Nilikuwa na ndugu walioyapitia hayo. Kila nilipokaa kuandika nilikuwa nasikia sauti ya mtayarishaji ikiniuliza maji yatatoka wapi, nikafunga daftari. Siku moja nilikwenda kumtembelea shangazi katika nyumba aliyokuwa amekataa kuihama. Maji yalikuwa yamekauka zamani, lakini ukutani kulikuwa na mstari wa kahawia, umenyooka kama uliopigwa kwa rula, unanifika kifuani. Juu ya mstari rangi ya ukuta ilikuwa kijani, chini yake ilikuwa rangi ya udongo. Kalenda na picha ya marehemu mume wake alikuwa amezitundika upya, juu kabisa, karibu na dari, mahali ambapo hakuna mtu anayetundika picha. Kitanda kilikuwa kimepandishwa juu ya matofali manne manne. Alipokuwa akizungumza nami habari za watoto, macho yake yalikuwa yanateremka kwenye sakafu, mlangoni, kila gari kubwa lilipopita na kutikisa nyumba.

Nilimkumbuka yule msichana aliyeinuka kwenye benchi. Maji sikuyahitaji. Nilihitaji mwanamke anayetazama mlango kwa namna ambayo mtazamaji atashusha miguu yake chini taratibu kuhakikisha pakavu. Jukwaani mto ulitengenezwa na macho ya wanakijiji. Kwenye filamu mafuriko yangetengenezwa na mstari ule ukutani, na picha iliyotundikwa juu, na matofali. Kamera ina uwezo ambao jukwaa halina, kwani inaweza kusogea mpaka kwenye ule mstari na kuonyesha punje za mchanga zilizogandia, lakini jukwaa ndilo lililonifundisha kwamba kitu kikubwa kuliko vyote kinaweza kuachwa nje na bado kikawepo.

Tangu hapo nina utaratibu ambao siuachi. Rasimu ya kwanza naiandika nikiwa nimejikataza kabisa kuhesabu: mvua inyeshe, harusi iwe na watu, watoto wakimbie na nyama choma iliwe. Naiacha kwa wiki mbili au tatu. Kisha nalichukua daftari la zamani la kontinyuiti, napiga mistari ya sehemu 8, nausoma mswada kwa sauti nikiwa na saa, na kila penye gharama kubwa najiuliza kama panaweza kubebwa na kitu ambacho mkono wa mtu unaweza kukishika. Mara nyingi panaweza. Pasipoweza, napaacha kama palivyo, nakwenda kupapigania kwa mtayarishaji. Mwisho nampa mtu asiyeujua mswada ausome mara moja na kunisimulia bila kutazama karatasi, nikiwa na penseli. Anaporuka, naweka alama.

Kuhusu malipo nitasema machache. Mwaka 2016 niliajiriwa kuandika mazungumzo ya tamthilia ya televisheni, kazi ya mbio, vipindi vingi kwa wiki, katika chumba chenye waandishi watano na ubao mmoja. Niliandika vipindi 26. Nilipoketi na familia kutazama, jina langu halikuwepo, na nusu ya fedha haijalipwa mpaka leo. Nilipokuwa kontinyuiti nililipwa jioni ile ile, kwa siku, na hakuna aliyeweza kuitumia kazi yangu bila mimi kuwepo. Mswada ukishatoka mkononi unatembea peke yake. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 inamtambua mtunzi na haki yake ya kutajwa, lakini sheria inamfaa zaidi aliye na karatasi. Siku hizi sitoi hata muhtasari kabla hatujaandikiana: rasimu ngapi, fedha ipi inalipwa rasimu ipi inapokabidhiwa, na jina langu litaonekana wapi. Nawaomba wadogo zangu mafundi wa taa, wa sauti na wa mavazi wanaoniandikia kuomba ushauri waanze na karatasi hiyo kabla ya kunitumia sini zao.

Mswada wa mafuriko ulipata fedha kidogo mwaka 2019, ikawa filamu fupi. Siku tatu kabla ya kuanza kupiga picha, kontinyuiti wetu, binti wa miaka 23, alinijia na daftari lake. "Shikamoo dada. Sini ya 9, umeandika mama amejitanda khanga. Jina lake lipi?"

Sikuwa nimeandika. Tuliondoka pamoja kwenda Mtaa wa Uhuru, tukazunguka duka kwa duka, wauzaji wakitufunulia doti moja baada ya nyingine juu ya meza za mbao. Sini yenyewe ilikuwa hivi: wifi wa yule mama amekuja kumsaidia kufunga mizigo ya kuhamia Mabwepande, lakini anachokitaka ni kile kiwanja. Mkono wangu ulikwenda wa kwanza kwenye khanga iliyoandikwa "Japo sipati tamaa sikati." Nilikuwa tayari nimetoa pochi. Binti yule aliisoma kwa sauti, akanyamaza, akauliza kwa adabu, "Lakini dada, hayo si ndiyo yanayosemwa na mstari wa mwisho wa sini?"

Niliirudisha mezani. Maneno ya khanga yalikuwa yananihubiria filamu yangu mwenyewe. Tulitafuta tena mpaka maduka yanaanza kufungwa, tukaipata kwa mzee mmoja mwishoni mwa mtaa, kahawia na nyeupe, karibu na rangi ya ule ukuta: "Usisafirie nyota ya mwenzio." Haikuwa na neno lolote la maji wala la subira. Ilikuwa inamtazama wifi. Tulinunua doti mbili zinazofanana, moja ya kuvaa na moja ya akiba, na kabla hatujaondoka binti alifungua daftari juu ya meza ya yule mzee, akaandika rangi, akaandika pindo, kisha akaandika jina lote, herufi kwa herufi. Usiku ule nilikwenda kuufuta mstari wa mwisho wa sini ya 9.